Nasser Kwenye Baraza la Duka Letu

Sauti ya Gamal Abdel Nasser niliisikia kabla ya sauti ya Mwalimu Nyerere. Wajukuu zangu hawaamini. Bibi, wanasema, Misri na Mpanda wapi na wapi? Nawaambia kwamba katika miaka ile, mwenye redio na waya mrefu wa kupandisha juu ya mwembe aliipata Cairo usiku safi kuliko alivyoipata Dar es Salaam.

Nilizaliwa 1945. Baba yangu alikuwa Mmanga, mtu wa Oman ya ndani, upande wa Sharqiya. Mama yangu Mkonongo wa Inyonga. Baba alifanya kazi kwanza kwenye duka la jamaa zake Tabora, kisha akafuata reli. Tawi la reli kutoka Kaliua hadi Mpanda, kama kilomita 210 za miombo na mbung'o, lilifunguliwa mwaka 1950 kwa ajili ya mgodi wa risasi wa Mukwamba. Bila mgodi ule pasingekuwa na mji. Kampuni ya Uruwira Minerals ilichimba, gari moshi likapeleka madini pwani, na likirudi lilishusha watu wa kila namna: Wanyamwezi, Waha, Wafipa, Wahindi, Wazungu wa mitambo, na Waarabu wenye maduka ya milango miwili.

Letu lilikuwa mojawapo. Baba aliuza kaniki, khanga, majembe, chumvi ya Uvinza na mafuta ya taa. Alinunua nta na asali kwa ndugu za mama, na migebuka mikavu iliyotoka Karema na Ikola. Daftari lake la madeni liliandikwa Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, kwa hiyo wadaiwa waliosoma shule ya serikali au ya misheni hawakuweza kusoma wanachodaiwa. Nadhani hilo lilimfaa.

Nikisema "Waarabu wa Mpanda", msidhani walikuwa kundi moja. Walikuwapo Wamanga na walikuwapo Washihiri waliotoka Hadhramaut, na baina yao kulikuwa na dharau ya kutosha. Wamanga wengi walikuwa Ibadhi, Washihiri walikuwa Shafii kama Waswahili. Wamanga wenyewe kwa wenyewe walibeba ugomvi wa Hinawi na Ghafiri, magomvi ya mabonde ya Oman yaliyofika hadi kwenye meza ya karata chini ya mwembe wetu. Ukimuuliza mzee wa Kimanga yeye ni nani, alikutajia ukoo, kisha kijiji. Neno "Mwarabu" walilisikia zaidi kwa karani wa bomani alipojaza fomu, kwa sababu Mwingereza alihesabu watu kwa mafungu: Mzungu, Mwasia, Mwarabu, Mwafrika. Sisi watoto wao tuliozaliwa na mama weusi tuliitwa shombe, na tukiudhi tuliitwa Waarabu koko.

Aliyewafanya wajione Waarabu ni ami, kwa redio yake.

Ami alikuwa mdogo wake baba kwa mama mwingine. Yeye alizaliwa Tabora, akakulia Unguja, na alipokuja kukaa nasi mwaka 1955 alikuja na sanduku la nguo, mafungu ya gazeti la Mwongozi, na redio ya mbao iliyokula betri ya gari. Betri ikiisha ilifungwa nyuma ya baiskeli na kupelekwa gereji kuchajiwa, na usiku ule nyumba nzima iliona kiza. Cairo ilianzisha Sauti ya Waarabu mwezi Julai 1953, na mwaka uliofuata ikaanza matangazo ya Kiswahili kwa ajili yetu sisi wa Afrika ya Mashariki. Ami alisikiliza yote mawili. Kiarabu chake kilikuwa cha msikitini, kwa hiyo hotuba za Nasser alizifuata kwa sauti zaidi kuliko kwa maana, halafu akasubiri Kiswahili kimweleze alichokwisha kukishangilia.

Redio iliwekwa kwenye mlango wa kati, nusu dukani nusu ndani. Wanaume walikaa barazani, sisi wanawake tulikaa nyuma ya pazia, na habari ilitufikia sote kwa wakati mmoja. Mimi nilikuwa na cheo changu. Nilikuwa nimesoma shule, na baba na ami hawakuzoea herufi za Kizungu, basi gazeti likifika kwa gari moshi niliitwa nisome. Nilisoma Mwongozi, nikasoma Mambo Leo ya serikali, baadaye nikasoma Mwafrika. Sikuelewa nusu ya niliyoyasoma, ila niliyakumbuka.

Mwezi Julai 1956 Nasser alitangaza kuutaifisha Mfereji wa Suez. Usiku ule, au usiku uliofuata, baraza lilijaa. Mjomba wangu, kaka yake mama, alikuwa ametoka zamu Mukwamba. Alikuwa mtu wa TANU tangu chama kilipofika kwetu, na alikuja kwetu kila jioni, rasmi kwa ajili ya kahawa. Ami alimweleza kwa kirefu: mfereji umechimbwa na Wamisri, wamekufa maelfu, faida wamekula Waingereza na Wafaransa.

Mjomba akauliza, "Shemeji, huyo Nasser wenu ni Mwarabu au ni Mwafrika?"

"Ni vyote viwili," ami akasema. Akaeleza habari ya kitabu kidogo alichoandika Nasser, ambamo alisema Misri imo katika maduara matatu: la Kiarabu, la Kiafrika na la Kiislamu. Akaonyesha kwa kidole pale mkekani, duara, duara, duara.

"Na mfereji ni wake?"

"Umepita kwao."

Mjomba alikunywa kahawa yake akamaliza. "Basi na Mukwamba imepita kwetu."

Watu walicheka sana. Baba hakucheka. Aliinuka akapunguza sauti ya redio, kwa sababu leseni ya duka ilitoka kwa Bwana DC, na mpangaji wa mawazo kama yale angeweza kumponza mwenye nyumba. Lakini neno la mjomba lilizunguka mji. Vibarua wa mgodi walikuja dukani wakauliza habari za mfereji, watu ambao hawakuwahi kuona bahari. Ndipo nilipoona, ingawa sikuwa na umri wa kulieleza, kwamba kila mtu pale alijichukulia Nasser wake. Ami alimchukua Mwarabu aliyemtoa Mzungu jasho. Mjomba alichukua mfano wa namna ya kudai mgodi. Mshihiri wa jirani, ambaye kwa miaka hakuwahi kukanyaga baraza letu, alianza kuja kusikiliza, akaletewa mto wa kuegemea. Miaka miwili baadaye binti yake aliolewa na mtoto wa binamu ya baba, Mmanga. Zamani jambo hilo lingeleta visu.

Wengine, nikiri kwa niaba yao, walikuja kwa ajili ya Umm Kulthum tu. Alhamisi ya kwanza ya mwezi hawakuwa na haja na siasa ya mtu.

Vita vya Suez vilipoanza mwishoni mwa Oktoba, Israel kwanza, kisha Waingereza na Wafaransa, ami hakulala. Baba alikuwa na hesabu yake. Mfereji ulifungwa hadi mwezi Aprili 1957, meli zikazunguka Afrika Kusini, na mafuta ya taa na kaniki vikachelewa na kupanda bei. Kila siku ami aliposifu ushindi, baba alimwonyesha debe tupu. Yeye Nasser hakumvutia. Alikuwa mtu wa vitu anavyoweza kuvishika.

Kilichomvuta baba kwenye redio ni Oman. Katika miaka ile Imamu Ghalib bin Ali al-Hinai alikuwa akigombana na Sultani Said bin Taimur wa Muscat, na nyuma ya Sultani walikuwapo Waingereza. Mwaka 1957 vita viliwaka. Ndege za Kiingereza zikapiga ngome za Oman ya ndani, Nizwa ikatekwa, wafuasi wa Imamu wakapanda Jebel Akhdar na kushikilia huko hadi mwanzoni mwa 1959. Cairo iliwatetea watu wa Imamu, na kila jina la mji lililotajwa, baba alijua njia ya kufika. Alihamisha kiti chake kutoka nyuma ya kaunta akakaa karibu na redio. Alikuwa na mama yake kule, na mifereji ya falaji aliyochotea maji utotoni, na mitende ya urithi ambayo hakuwahi kuigawa na ndugu zake. Barua ilichukua miezi. Mtangazaji wa Cairo alisema habari za umma mzima wa Waarabu, kutoka bahari hadi bahari, na baba alisubiri apite huko haraka afike kwenye vijiji.

Mwanamume yule aliyeniambia siku zote kwamba siasa ni kazi ya wasio na duka, usiku mmoja nilimsikia akilia gizani. Mama alitoka akaenda kukaa naye.

Unguja ndiko kulikotuharibia mazungumzo. Huko Waarabu walikuwa na nchi ya kugombea, na sisi Mpanda tulikuwa na maduka tu. Chama cha Hizbu, ambacho sauti yake kuu ilikuwa Ali Muhsin Barwani, mwenye Mwongozi, kilianzishwa mwishoni mwa 1955 na kikawa na marafiki Cairo. Vijana wengi wa Kizanzibari walipelekwa kusoma huko. Upande wa pili Sheikh Abeid Karume na wenziwe wakaunda Afro-Shirazi, ambayo TANU iliiunga mkono. Katika uchaguzi wa Julai 1957 Karume alimshinda Ali Muhsin kule Ng'ambo. Ami alikuwa Hizbu bila kuwa na kura. Mjomba alikuwa Afro-Shirazi bila kuijua Unguja. Redio ikawa inaunguruma jambo moja, na watu wawili wanasikia mawili.

Mjomba aliwahi kumuuliza swali ambalo hadi leo sijamsikia mtu wa Hizbu akilijibu vizuri. "Shemeji, Nasser kwao kamwondoa Mfalme Farouk. Nyinyi mnaompenda Nasser mbona mnamtaka Sultani?"

"Sultani wa Unguja ni wa watu wote," ami akasema.

"Hata Farouk nadhani aliambiwa hivyo."

Wakanyamaza. Walipendana, msinielewe vibaya. Lakini mwezi Juni 1961, baada ya uchaguzi mwingine, watu 68 waliuawa Unguja, wengi wao Waarabu, na hasa Wamanga wenye vijiduka vya mashamba, watu wa hali kama ya baba. Mjomba alikuja kutoa pole. Hakutaja Hizbu wala Afro-Shirazi, na tangu siku hiyo wawili hao walizungumza habari za mvua na bei ya nta.

Mgodi nao ulikuwa umefungwa mwaka 1960. Uhuru ulipokuja tarehe 9 Desemba 1961, Mukwamba ambayo mjomba aliitaka iwe ya kwetu ilikuwa mashimo na vyuma. Alirudi kwenye jembe na mizinga.

Sasa tulipata swali jipya, nalo ni la uraia. Mwezi Oktoba 1961, Bungeni Dar es Salaam, wapo waliotaka uraia wa Tanganyika uwe wa Waafrika peke yao, na Mwalimu akawaambia wazi kwamba wakipitisha hilo, yeye na serikali yake watajiuzulu. Nilisoma habari hiyo kwenye gazeti, kwa sauti, mbele ya baba na ami, na nilipomaliza ami aliniambia nirudie. Sheria iliyotoka iliwapa miaka miwili ya kujiandikisha wale waliozaliwa nchini lakini wazazi wao hawakuzaliwa humo. Ami alikuwa wa namna hiyo.

Tulidhani yeye mwenye mapenzi ya Uarabu angekataa, na baba asiyejali siasa angekubali. Ikawa kinyume. Ami alikwenda bomani miongoni mwa watu wa kwanza. Alisema Nasser amemfundisha miaka sita kwamba Afrika ni duara lake, na hawezi kulikataa siku linapofunguliwa. Baba hakuomba. Alikuwa raia wa Sultani wa Muscat, sultani ambaye hakumpenda na ambaye alikuwa amepigisha mabomu Oman ya ndani, lakini alitaka azikwe kwao. Karatasi haikuwa na nafasi ya kuandika maelezo kama hayo.

Ami aliomba pia kadi ya TANU, akaambiwa chama ni cha Waafrika. Mwanzoni mwa 1963 chama kilipofungua milango kwa raia wote akaipata, ila alikuwa tayari amenuna, na aliiweka ndani ya Mwongozi wa zamani.

Mapinduzi ya Zanzibar yalitokea Jumapili, tarehe 12 Januari 1964, siku chache kabla ya Ramadhani. Tulisikia kwenye redio sauti ya mtu aliyejiita Field Marshal, John Okello, ikitaja vifo kama mtu anayesoma orodha ya bidhaa. Ami alikuwa na ndugu, marafiki, na mchumba wa zamani kule. Kwa majuma hatukujua nani yu hai. Picha ya Nasser iliyokuwa imening'inia juu ya rafu ya vitambaa tangu 1956 ikateremshwa usiku na kutiwa chini ya godoro, ingawa Nasser hakuwa na sultani yeyote wa kumtetea. Picha ya Mwarabu ilikuwa picha ya Mwarabu.

Juma lililofuata askari wa Tanganyika Rifles waliasi Dar es Salaam, tarehe 20, na kesho yake wakaasi wenzao wa Tabora. Tabora ni kwetu. Gari moshi lililotoka huko lilileta abiria waliosimulia maduka yaliyovunjwa na Waasia na Waarabu waliopigwa. Kutoka Dar es Salaam tulipata habari ya Mwarabu mmoja wa Magomeni aliyewafyatulia risasi askari, wakamwua yeye na watu wa nyumbani kwake. Waliotoka Tabora walisema pia kwamba kapteni mmoja Mwafrika, Sarakikya, alikuwa akiwatuliza askari. Huyo ndiye Mrisho Sarakikya, aliyekuja kuwa mkuu wa jeshi. Baba alifunga mlango wa mbele, akafungua wa uani nusu.

Mjomba alikuja jioni ile na mkeka wake. Alikuwa na bakora na kadi ya TANU mfuko wa mbele, ionekane. Akaketi barazani kwetu kama mtu aliyekodi.

"Shemeji, nenda nyumbani kwako," baba akamwambia. "Wakija, watakuta na wewe."

"Wakija watanikuta nafuturu kwa dada yangu. Hilo nalo lina kosa?"

Aliendelea kufuturu kwetu hadi Waingereza walipowanyang'anya waasi silaha na mambo yakatulia. Mpanda halikuvunjwa duka hata moja, nami nalisema hili kwa sababu watu hupenda kusimulia damu. Vijana wawili watatu walipita wakiimba maneno ya kutisha, mjomba akawaita kwa majina ya baba zao, wakaondoka. Kabla ya kurudi kwake alichukua unga na sukari kwa mkopo, na deni hilo baba hakuliandika kwa herufi za aina yoyote.

Tarehe 26 Aprili tukaungana na Zanzibar. Julai mwaka huo wakuu wa nchi za Afrika walikutana Cairo, Nasser akiwa mwenyeji na Mwalimu akiwa miongoni mwa wageni, na huko ndiko walikokubaliana mipaka ya wakoloni iachwe kama ilivyo. Ami alipigwa na butwaa. Alikuwa ametegemea, sijui kwa nini, kwamba Cairo ingewalilia Hizbu. Misri ilikuwa na mambo yake na Mwalimu, na Ali Muhsin alikuwa kifungoni Bara, akahamishwa jela hadi jela kwa kama miaka 10. Septemba 1966 Nasser mwenyewe alikuja Tanzania, akalakiwa kwa shangwe. Mjomba alikuja dukani asubuhi mapema.

"Mtoe chini ya godoro," akasema. "Sasa ni mgeni wa Mwalimu."

Picha ikarudi juu ya rafu, imekunjamana shingoni.

Haikukaa mwaka. Juni 1967, vita vya siku sita. Kwa siku za mwanzo Sauti ya Waarabu ilitangaza ndege za Israel zilizoangushwa, leo hizi, kesho zile, na ami alizihesabu kwa chaki ukutani. Mshihiri jirani, ambaye sasa alikuwa na redio ndogo ya transista, alikuwa akisikiliza BBC. Alikuja akasimama mlangoni, akamtazama ami na chaki yake, akashindwa kusema. Ilipothibitika kwamba ndege za Misri ndizo zilizoteketezwa chini kabla hazijaruka, ami alifuta ukuta kwa kanzu. Kushindwa angekuvumilia. Hakuvumilia kwamba sauti aliyoiamini miaka 12 ilikuwa imemdanganya huku ikijua. Nasser aliendelea kumheshimu hadi alipofariki tarehe 28 Septemba 1970, lakini Cairo hakuifungua tena.

Mwaka huo huo wa 1967 ililetwa posa yangu. Mchumba alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, Mnyamwezi wa Sikonge, Mwislamu safi, mshahara wa serikali. Ami akasema haiwezekani. Yeye wa maduara matatu! Alitaka niolewe na binamu Tabora. Akasema damu, akasema ukoo, akasema kafaa kwa Kiarabu cha vitabuni, kwamba mume awe wa hadhi ya mke.

Mama alikuwa akichambua mchele. Hakuinua kichwa. "Mimi nilipoletewa Mmanga asiyekuwa na viatu, nani aliuliza hadhi?"

Baba ndiye aliyecheka safari hii. Niliolewa mwezi wa Shaaban, na mahari yalipokewa na mjomba pamoja na ami, wamekaa kwenye mkeka mmoja, mmoja amenuna. Nalitaja jambo hili kwa sababu wasomi wakiandika habari za utaifa wa Kiarabu huandika mikutano na hotuba. Mimi niliupima kwa posa yangu. Ulikuwa tayari kumkumbatia Mwafrika kama ndugu wa kupigana na Mwingereza, na kwa binti ulisita. Wapo Waarabu wa Mpanda ambao hawakusita, wala sisemi wote, lakini nyumba nyingi nilizozijua ziliishia pale. Kwa upande wa pili, mama zetu walioolewa na Waarabu nao walisemwa na jamaa zao vya kutosha.

Tarehe 23 Julai 1970, miezi miwili kabla ya Nasser kufa, Qaboos bin Said alimpindua baba yake kule Muscat. Said bin Taimur alikuwa amefunga mlango kwa watu wake walioko nje. Mwanawe akaufungua, tena akawaita waje wajenge, kwa sababu alikuwa na mafuta na hakuwa na watu waliosoma. Habari hii ilifika Mpanda taratibu, kwa barua zenye picha za magari. Wakati huohuo hapa kwetu biashara ilikuwa ikibanwa. Azimio la Arusha lilikuwa limetaifisha mabenki na makampuni makubwa, ambayo hatukuwa nayo. Tulichokuwa nacho kilifikiwa na Operesheni Maduka ya mwaka 1976, maduka ya watu binafsi yalipofungwa ili yaanzishwe ya vijiji na ushirika. Duka la baba lilikuwa limelisha nyumba mbili kwa miaka 26. Lilifungwa kwa barua.

Baba aliondoka na kaka zangu wawili. Alikuwa mzee, nusu kipofu, na alipata alichokitaka: alizikwa Sharqiya, karibu na falaji yake. Mama alikataa kwenda. Alisema hajui kula tende asubuhi.

Ami alibaki. Alikuwa raia, na alisema hataki kupewa nchi na mfalme. Alilima, akafuga, akasahihisha watoto wa chuo. Mwaka 1979, katika vita vya Kagera, Libya ya Gaddafi ilipomsaidia Idi Amin, ndege yao ilikuja kupiga Mwanza, ikakosa shabaha, mabomu yakaangukia kisiwa cha Saanane na kuua wanyama wa hifadhi. Vijana fulani hapa mjini walimtazama ami kwa jicho la pembeni, kwa sababu Gaddafi alijiita mrithi wa Nasser. Ami akawaambia barazani, kwa sauti, kwamba hata swala wa Saanane ni raia wa Tanzania, na mrithi wa Nasser asingepigana upande wa Amin. Walicheka, mambo yakaisha. Amezikwa hapa hapa Mpanda, na aliyemwosha ni mtoto wa mjomba.

Kaka zangu wa Muscat wana watoto na wajukuu. Huko waliitwa Wazanzibari, wao waliozaliwa Mpanda na ambao Unguja waliiona kwa dirisha la ndege. Kiarabu chao kilichekwa, Kiswahili na Kiingereza chao vikawapa kazi serikalini. Siku hizi wananipigia simu ya picha, tunasemana Kiswahili, na Kikonongo kidogo tukitaka watoto wasielewe. Mimi nami sijahama nyumba, ila nimekuwa mtu wa Tabora, kisha wa Rukwa tangu 1974, na tangu 2012 ni mtu wa Katavi.

Wajukuu wa upande ule wanaandika kwamba wazee wao walifukuzwa Tanganyika kwa ajili ya Mapinduzi. Vijana wa upande huu wanasema Waarabu wote walikuwa watu wa Sultani, wakakimbia alipoanguka. Mimi nilikuwapo nyuma ya pazia, na nasema wote wanakosea kuhusu Mpanda. Mwaka 1964 ulitutisha sana, lakini haukumwondoa mtu wa nyumba yetu. Waliondoka miaka 12 baadaye, duka lilipofungwa huku na mlango ulipofunguliwa kule, na aliyekuwa mfuasi wa Nasser kuliko wote ndiye aliyekataa kwenda. Anayebisha aje awaulize wazee wa Majengo na Makanyagio. Aje upesi, maana walioisikiliza redio ile tumebaki wachache.